Milioni 75 za muuzaji, milioni 184 za kwetu

Nyumba tunayoishi iko Kange, mwendo wa dakika chache kwa bodaboda kutoka stendi kuu ya mabasi ya Tanga. Tuliinunua mwaka 2019 kwa shilingi milioni 75. Milioni 15 zilitoka mfukoni mwetu, milioni 60 zikatoka benki kwa riba ya asilimia 17 kwa mwaka, mkopo wa miaka 15. Rejesho la mwezi ni shilingi 923,402. Zidisha kwa miezi 180 utapata milioni 166 na ushee. Ongeza ile milioni 15 ya mwanzo, ongeza na karibu milioni 3 za makaratasi, inakuwa milioni 184. Hapo bado hujanunua hata kopo la rangi.

Hatukudanganywa na mtu. Riba ilitajwa, muda ulitajwa, rejesho lilitajwa. Jumla ndiyo haikutajwa na yeyote, na wala haimo kwenye tangazo lolote la mikopo ya nyumba nililowahi kuliona.

Aliyetufanya tuitafute jumla hiyo kabla ya kusaini ni ami yangu. Ni karani mstaafu wa bandari, mzee wa Ngamiani, aliyemaliza ujana wake akihesabu marobota ya katani ya watu. Nilikwenda kumwamkia Ijumaa moja baada ya alasiri, na kwa furaha niliyokuwa nayo nikamwaga habari zote.

"Sasa mwanangu, nyumba yenyewe bei gani?"

"Milioni sabini na tano, ami."

"Hiyo ya muuzaji. Nakuuliza ya kwako wewe."

Nikamwambia rejesho la mwezi. Akatikisa kichwa. Nikamwambia riba. Akanitazama kama anavyomtazama mtoto aliyetumwa sukari akarudi na chumvi. Alikuwa anataka namba moja tu, ile ambayo siku ya mwisho mimi na mume wangu tutasema hizi ndizo zilizotutoka.

Mimi ni mhasibu katika kampuni ya uwakala wa forodha. Jumatatu yake, wakati wa chakula cha mchana, nikafungua kompyuta ya ofisini nikaandika jedwali: safu ya rejesho, safu ya riba, safu ya deni linalopungua, safu ya salio, mistari 180 kwenda chini. Baadaye benki nao walitupa jedwali lao, kurasa kadhaa zenye herufi ndogo, na namba zikalingana na zangu. Kila anayekopa ana haki ya kulidai jedwali hilo kabla hajatia saini, na ushauri wangu ni kwamba asikubali kuambiwa "utaletewa baadaye".

Mambo yenyewe yanakwenda hivi. Kila mwezi benki inatazama deni lililobaki, inalipiga riba ya mwezi mmoja, inachukua riba hiyo kwanza kutoka kwenye rejesho lako, kisha kinachobaki ndicho kinachokwenda kupunguza deni. Mwezi wa kwanza deni ni milioni 60. Asilimia 17 ya milioni 60 ukiigawa kwa miezi 12 ni shilingi 850,000. Sisi tunaleta 923,402. Kwa hiyo mwezi ule wa kwanza tulipeleka karibu milioni moja, na deni likapungua kwa shilingi 73,402.

Mwezi wa pili riba inapungua kidogo mno, kwa sababu deni nalo limepungua kidogo mno. Ndivyo inavyotambaa. Ukilipa miaka 5 bila kukosa hata mwezi mmoja, utakuwa umepeleka milioni 55.4, na bado unadaiwa milioni 53.1. Nusu ya deni unaifikia ukiwa umeshaingia mwaka wa 12. Baada ya hapo ndipo linaporomoka kwa kasi, wakati ambapo kwa wengi wetu mkubwa ameshamaliza sekondari na magoti yameanza kulalamika.

Ndiyo maana nasema gharama ya mkopo wa nyumba haiko kwenye asilimia peke yake. Iko kwenye muda, na hasa kwenye ile miaka ya mwanzo.

Ofisa mikopo aliyetuhudumia alikuwa kijana mstaarabu sana. Alitushauri tuchukue miaka 20 badala ya 15. "Dada, ili mpumue," alisema, na sidhani alikuwa na nia mbaya. Tukamwomba atupigie hesabu. Kwa miaka 20 rejesho lingekuwa kama 880,000. Yaani pumzi tunayopewa ni shilingi 43,000 kwa mwezi. Jumla ya marejesho ingetoka milioni 166 ikaenda milioni 211. Milioni 45 zaidi, kwa ajili ya nafuu ya elfu 43! Mume wangu, Baba Salma, si mtu wa maneno mengi, lakini pale aliinama akaniuliza kwa sauti ya chini kama kijana yule ana kikokotoo kibovu.

Upande wa pili, kama tungeweza miaka 10, rejesho lingekuwa 1,042,000 na kitu, na jumla milioni 125. Elfu 119 zaidi kwa mwezi ingeokoa milioni 41. Tuliitamani. Haikuwezekana, na sababu zilikuwa kwenye slipu ya mshahara ya Baba Salma.

Yeye ni mwalimu wa sekondari ya serikali. Kabla mshahara haujamfikia, PSSSF, mfuko wa pensheni wa watumishi wa umma, unachukua asilimia 5, bima ya afya asilimia 3, chama cha walimu asilimia 2, na Bodi ya Mikopo ya elimu ya juu asilimia 15. Hiyo ni robo nzima kabla kodi ya mapato haijatia mkono. Na kuna utaratibu kwamba makato yote yakijumlishwa, mtumishi lazima abaki na theluthi moja ya mshahara wake. Watu huilaumu theluthi hiyo kwamba inawabania mikopo. Mimi naiona ni rafiki. Benki ikiruhusiwa ingetukopesha mpaka tule ugali kwa kuusimulia mboga.

Tukaishia miaka 15, tukiunganisha mishahara miwili. Wote wawili tulisaini, na si kwa hisani. Sheria ya Ardhi ya mwaka 1999 inataka mwenzi wa ndoa aridhie kabla nyumba ya familia haijawekwa rehani. Nawaambia wanawake wenzangu kila nikipata nafasi: karatasi ile ya ridhaa isomwe, isitiwe saini jikoni huku unageuza chapati. Na mkishindwa kulipa, sheria inawataka wakupe notisi ya siku 60 kabla hawajafika kwenye kuuza. Siku 60 ni chache, lakini kwa mtu anayejua kwamba anazo, zinatosha kutafuta mnunuzi wa bei ya soko badala ya kungojea nyundo ya dalali.

Ami, nilipomrudishia ile namba, alinyamaza kwanza. Kisha akaja na lile nililolitarajia, kwamba riba ni riba. Sisi ni Waislamu, na katika mji kama Tanga suala hili halikwepeki. Unaweza kukopa kimyakimya benki, lakini msikitini utakutana na macho. Tuliuliza habari za murabaha. Humo benki haikukopeshi fedha. Inainunua nyumba yenyewe, kisha inakuuzia wewe kwa bei ya juu zaidi, faida yake ikiwa imetajwa, nawe unalipa kidogo kidogo. Bei ile ikishaandikwa haipandi. Benki ya Amana ilianza kazi nchini mwaka 2011 kwa misingi hiyo, na benki nyingine kadhaa zina madirisha ya aina hiyo.

Siandiki kutoa fatwa. Kiuhasibu, nilichokipenda kwenye murabaha ni kwamba swali la ami linajibiwa siku ya kwanza, kwenye ukurasa wa kwanza: nyumba tumeinunua kwa kiasi hiki, tunakuuzia kwa kiasi hiki. Usidhani kwamba lazima iwe rahisi. Ile tuliyopewa sisi ilitaka kianzio kikubwa na muda mfupi, na rejesho lake lilikuwa juu ya uwezo wetu. Tukarudi kwenye mkopo wa kawaida. Ami hakuridhika mpaka leo, na huwa hali chochote akija kwetu isipokuwa maji na tende alizokuja nazo mwenyewe. Tumezoeana hivyo.

Zile milioni 3 za makaratasi nazipitia haraka kwa sababu kila benki ina lake: mthamini, wakili, ushuru wa stempu, kuandikisha rehani kwa msajili wa hati, ada ya kuandaa mkopo, bima ya maisha ya mkopaji na bima ya moto. Hizi bima mbili watu huzinung'unikia. Ya kwanza mimi siinung'unikii kabisa. Nikifa leo, deni linalipwa na bima na watoto wanabaki na paa lao. Lakini soma inalipa nini na hailipi nini, na uulize kama inalipwa mara moja au kila mwaka. Yetu ya moto inalipwa kila mwaka, na kwenye milioni 184 imo ile ya mwanzo tu.

Vilevile hazimo gharama za kuwa mwenye nyumba. Ukiwa mpangaji, bati likivuja unampigia simu baba mwenye nyumba na unakuwa na haki ya kununa. Sasa wa kupigiwa simu ni wewe. Kange si ufukweni kama Raskazone au Sahare, lakini hii ni Tanga. Hewa ya chumvi haiulizi mtaa. Misumari ya bati ilianza kutoa machozi ya kutu mapema kuliko fundi alivyotuahidi, na nondo za madirisha zinataka kupigwa rangi kila baada ya muda, ukizembea zinachanua kama maganda ya muhogo. Kodi ya jengo tunaikatwa kupitia LUKU, umeme wa kulipia kabla, tangu utaratibu huo ulipoanza mwaka 2021, ilikuwa shilingi 1,000 kwa mwezi kwa nyumba ya kawaida, ikaja ikawa 1,500. Hiyo ni ndogo. Kuna kodi ya pango la ardhi kila mwaka, ambayo wengi huisahau mpaka wanapotaka kufanya jambo na hati ndipo wanakuta malimbikizo na adhabu vimelala juu yake.

Sasa nije kwenye jambo lililonifanya nikae niandike.

Mwaka wa pili ulipokwisha, Baba Salma alipita benki kuuliza salio. Tulikuwa tumelipa milioni 22 na zaidi. Alirudi na kikaratasi amekikunja mara nne, akakiweka mezani mbele yangu, chaki bado iko kwenye kucha.

"Mama Salma, hawa watu wamekosea."

Kikaratasi kilisema 57,919,000 na senti zake. Milioni 22 zimekwenda, deni limepungua milioni 2. Nikachukua jedwali letu kwenye droo, nikashuka na kidole mpaka mstari wa 24. Namba ileile. Alilijua jedwali, tulilisoma pamoja, lakini kulisoma ni kitu kimoja na kukiona kikaratasi chenye muhuri ni kingine. Alikaa kimya mpaka adhana ya magharibi.

Katika majira hayohayo ndipo Mungu akafungua mlango. Serikali ililipa malimbikizo ya mishahara ya walimu waliokuwa wamepandishwa madaraja, na yeye akapata milioni 3. Mimi kikoba chetu kilikuwa kinavunjwa, nikatoka na milioni 2. Milioni 5 nyumbani, na kila mtu alikuwa na mpango wake. Wifi alitaka tumchangie harusi. Jirani akatushauri bodaboda mbili za kumpa kijana alete hesabu. Mimi mwenyewe, nakiri, jicho langu lilikuwa kwenye vigae vya sebuleni.

Nikafanya hesabu kabla ya kubishana na mtu. Milioni 5 zikiingizwa kwenye deni mwezi ule wa 24, salio linashuka hadi milioni 52.9. Tukiendelea kulipa 923,402 ileile, hatutahitaji tena miezi 156 iliyobaki. Tutahitaji 119. Milioni 5 zinakata miezi 37, miaka mitatu na mwezi mmoja! Marejesho ambayo hatutayalipa ni kama milioni 34; toa zile 5 tulizotanguliza, tumebaki na milioni 29. Hakuna bodaboda inayoleta hesabu hiyo.

Milioni 5 hizohizo ukizipeleka mwaka wa 13 zitakata miezi michache tu. Deni likiwa changa ndipo shilingi ya ziada inafanya kazi, kwa sababu haigawani na riba. Yote inakwenda kwenye deni, na riba ambayo deni hilo lingezaa kwa miaka 13 iliyobaki haizaliwi tena. Na si lazima zije kwa mkupuo. Mtu mwenye mkopo kama wetu akiongeza laki moja kila mwezi tangu mwanzo, anamaliza kwa miaka 10 na nusu hivi badala ya 15, na anaokoa karibu milioni 37.

Lakini kuna mtego, nao hauko kwenye sheria wala kwenye tangazo, uko kwenye mfumo wa kompyuta. Tulipopeleka fedha, ofisa mwingine, mama mmoja mpole, alitupokea vizuri na kutuonyesha kwenye skrini rejesho jipya: 843,000 na kitu.

"Hongereni, rejesho limepungua karibu elfu themanini."

"Dada, sisi hatutaki rejesho lipungue. Tunataka muda upungue."

"Mfumo wenyewe ndivyo unavyofanya."

Hapo ndipo pa kusimama kidete. Ukikubali rejesho lipungue na muda ubaki, miezi 156 ya shilingi 843,000 ni milioni 131. Ukikataa, miezi 119 ya rejesho la zamani ni chini ya milioni 110. Tofauti ni kama milioni 22, na inaamuliwa na kisanduku kimoja ambacho ofisa anakibonyeza akiwa anafikiria chakula cha mchana. Tuliandika barua fupi, nikaiweka na jedwali jipya nyuma yake: "Tunaomba fedha hizi zipunguze deni la msingi, muda wa mkopo upunguzwe, na rejesho la mwezi libaki lilelile." Tuligongewa muhuri wa kupokelewa kwenye nakala yetu. Ilichukua safari za kufuatilia, meneja akaingilia, jedwali jipya likatoka. Kabla ya yote hayo tulikuwa tumehakikisha mkataba wetu hautozi faini ya kulipa mapema baada ya mwaka wa kwanza. Mikataba mingine inatoza. Kifungu hicho kitafute wewe mwenyewe, usisubiri kusomewa.

Kifungu kingine cha kutafuta ni kile kinachosema riba inaweza kubadilika. Mwenzangu wa ofisini aliyekopa kwingine alipata barua kwamba riba yake imetoka 17 imekuwa 19. Kwa mkopo kama wetu ukiwa mwanzoni, pointi mbili hizo zinapandisha rejesho kwa shilingi 86,000 na kupita kidogo. Yeye hawakumpandishia rejesho. Walimwongezea muda, kwa hiyo hakuhisi chochote mfukoni na barua ikaishia kwenye kabati la vyombo. Mimi ningependa nihisi.

Watu huniuliza kama basi si heri kujenga kidogo kidogo kama wanavyofanya wengi. Shemeji yangu, mdogo wake Baba Salma, alichagua njia hiyo. Kiwanja Pongwe, karibu na mawe, kokoto na saruji ya kiwandani, na mbali na chumvi. Hadaiwi na benki, na kila Idi tulipokutana alikuwa na utani wake kuhusu wanaomjengea mwenye benki. Nilimwomba siku moja tuandike hesabu yake kama tulivyoandika yetu, bila hasira.

Tukaandika kiwanja, msingi, jamvi, tofali alizofyatua mwenyewe, lenta, kupaua. Tukaandika na kodi ya nyumba aliyokuwa anapanga Makorora wakati boma lake linasimama, maana miaka yote ile alikuwa analipa mahali pawili, na mwenye nyumba wake anataka miezi 6 kwa mkupuo, ambayo kila mara ilikuwa inakula fedha za saruji. Tukaandika nondo zilizoshika kutu zikiwa zimeachwa wima kwa misimu ya mvua, na mifuko ya saruji iliyoganda, na mlango ulioibwa kabla haujafungwa kitasa. Jumla yake bado ilikuwa chini sana kuliko milioni 184. Lazima niseme hivyo. Kwa mwenye subira, kiwanja chenye makaratasi safi na fundi asiyemwibia, kujenga kwa awamu ni nafuu, na mkopo wa asilimia 17 hauwezi kuushinda kwa hesabu ya shilingi tupu. Tulichokinunua sisi kwa ile tofauti ni miaka. Salma ana chumba chake tangu akiwa na miaka 6. Binamu zake wa Pongwe walihamia wakubwa, nyumba haina dari. Kila mmoja apime mwenyewe thamani ya hilo. Mimi sina safu yake kwenye jedwali.

Kilichonichekesha ni kupaua kwake. Alikopa milioni 6 kwa wakopeshaji wa mtaani, kwa miaka mitatu. "Asilimia 12 tu, shemeji, nyie mnalipa 17!" Nikamwomba karatasi. Ilikuwa asilimia 12 ya milioni 6 yote, kila mwaka, hata pale deni likiwa limebaki laki mbili. Riba milioni 2.16, rejesho 226,667. Ukiigeuza iwe riba ya salio linalopungua kama yetu, ni asilimia 21 na zaidi. Na huyo ni mkopeshaji mwenye haya. Mikopo wanayoiita kausha damu, ile ya simu na ya wiki, hesabu yake inatisha kuiandika. Tangu siku hiyo Idi zetu zina utani mwingine.

Na kwa nini 17? Nilikuwa nalaumu benki mpaka nilipotazama upande wa serikali. Wakati ule tunakopa, hatifungani ya serikali ya miaka 20 ilikuwa inalipa asilimia 15.49. Mwenye fedha anaweza kuikopesha Hazina, akalala usingizi, akapokea 15.49 bila kumfuata mwalimu wa Kange. Kwa nini anikopeshe mimi kwa pungufu ya hapo? Halafu akiba nyingi za benki ni za watu wanaoweza kuzitoa kesho, huku mkopo wa nyumba ni wa miaka 15. Kampuni ya TMRC iliundwa mwaka 2010 kuzipa benki fedha za muda mrefu kwa ajili hii, na imesaidia, lakini bado hatujafika mahali pa kushangilia. Mfumuko wa bei umekuwa wa chini, wa asilimia 3 au 4, kwa hiyo wale wanaosema "deni litaliwa na mfumuko" wanazungumzia nchi nyingine au zama nyingine. Riba ya Benki Kuu nayo, iliyoanza kutumika Januari 2024, ilishuka hadi asilimia 5.75 Julai 2025. Nikaandika barua nyingine, ya kuomba tupunguziwe. Walijibu kwa heshima kwamba wataangalia. Nitawaandikia tena.

Jambo la mwisho ni la siku ya kumaliza. Baba wa rafiki yangu alilipa mkopo wake wote, akafurahi, akachinja mbuzi, akafariki baada ya miaka kadhaa. Warithi walipokwenda kubadilisha hati wakakuta rehani bado imeandikwa kwa msajili, kwa sababu mkopo kuisha benki ni jambo moja na rehani kufutwa kwenye daftari la ardhi ni jambo jingine, na hili la pili halijifanyi lenyewe. Ilibidi waitafute benki iliyokuwa imeshaunganishwa na nyingine, watafute faili, watafute mtu wa kutia saini. Kwa hiyo ukilipa rejesho la mwisho, dai barua ya kumaliza deni, dai hati yako halisi, dai waraka wa kufuta rehani, na uupeleke mwenyewe kwa msajili hadi uandikwe. Ada yake nimeshaiweka kwenye jedwali letu, chini ya mstari wa rejesho la 143.